Maiti Aliyeitwa Muramu

Nilofar Mohamedtaki hakuwa mtu wa kumwamini marehemu yeyote. Miaka aliyoifanyia kazi kampuni ya bima, kabla ya kufungua ofisi yake mwenyewe ya upelelezi huko Mississauga, Kanada, alikuwa amewakuta marehemu wakicheza gofu, marehemu wakioa mke wa pili, na mmoja, huko Brampton, akila pilau nyumbani kwa mkwewe. Kwa hiyo wakili Winfred Kuria alipomwekea kaseti ya video mezani na kusema, "Humo ndani kuna maiti, niambie kama ni maiti kweli," Nilofar alicheka kidogo na kuipokea.

Mwanamke aliyekuja na wakili hakucheka. Aliitwa Spéciose, mtu wa Bujumbura, mpole wa sauti, aliyefanya kazi ya kuwaogesha wazee katika nyumba moja ya kutunzia wazee huko Scarborough. Mumewe, Elysée, alikwenda Leningrad kusomea uhandisi mwaka 1984. Mwaka 1988 kaka yake Spéciose, Pascal, aliyekuwa akisoma naye huko, alirudi Bujumbura peke yake na habari kwamba Elysée ameugua mapafu, amekufa, amezikwa. Spéciose alinyoa nywele, akakaa matanga. Cheti cha kifo hakuna, na hata nchi iliyopaswa kukitoa cheti hicho nayo ilishajifia.

Sasa ilikuwa Februari 1996 na Spéciose alikuwa amechumbiwa. Jaji wa Ontario anaweza kumhesabu mtu aliyepotea miaka mingi kuwa amekufa ili mkewe aolewe, lakini hutaka watu waape, na kiapo kikuu kilikuwa cha Pascal. Pascal alipoulizwa ana ushahidi gani, ndipo alipoleta kaseti. Kesi ilikuwa Jumatatu na harusi ilikuwa Jumamosi itakayofuata.

"Dada, mimi sitaki kuolewa juu ya mume," Spéciose alimwambia Nilofar. "Nimekaa mjane kwa heshima. Kama Elysée si huyo mutu wa kaseti, uniambie kabla sijavaa gauni."

Ijumaa asubuhi Nilofar aliitazama kaseti ile tena, mapazia yameshushwa, chai ya tangawizi pembeni. Chai ilipoa. Ilikuwa filamu fupi, nyeusi na nyeupe, imechanwachanwa mikwaruzo kama sufuria iliyosuguliwa kwa mchanga. Vijana wa Kirusi waliovaa makoti ya mabaharia wanakimbia kwenye theluji kando ya reli, hawasemi wanamkimbia nani. Wanaburuta kijisleji, kigari cha thelujini kisicho na magurudumu, na juu yake kuna mtu aliyefungwa bendeji kichwa chote. Miguu yake mitupu ni myeusi. Wanamsimamisha kwenye mti, anaanguka. Wanamsimamisha tena, anaanguka tena. Kisha wanakaa kumzunguka, wanaweka mkate juu ya kifua chake na kuukata hapo hapo, wanakula kwa raha zao. Mmoja anaweka sikio kwenye kifua cha maiti, anasikiliza sana, halafu anacheka mpaka anapiga magoti. Filamu yote ilikuwa ya namna hiyo. Nilofar aliona karaha, akataka kunawa mikono.

Juu ya picha hizo ulipigwa muziki wa kinanda cha kanisani. Pascal alikuwa amemweleza wakili kwamba filamu ni bubu, iliundwa kwa siri na vijana waliokuwa wakiikimbia serikali, na muziki ameuweka yeye mwenyewe kwa heshima ya marehemu. Maiti, alisema, ni Elysée. Vijana wale walimchukua mochwari usiku mmoja kabla ya mazishi. Uso hauonekani. Spéciose alikuwa ameutazama mkono ulioning'inia nje ya sleji, akasema ni wa mumewe, kidole gumba kilivyopinda. Nilofar hakuutilia mkono huo maanani. Wafiwa hutambua chochote wanachoonyeshwa.

Kilichomshughulisha ni maandishi ya mwanzo. Kulikuwa na mistari michache ya Kirusi, na ingawa Nilofar hakujua Kirusi, aliinakili herufi moja moja kama mtoto wa darasa la kwanza. Kisha akaigeuza kaseti. Mgongoni ilibandikwa karatasi ya duka la video la mtaa wa Bathurst.

Mwenye duka alikuwa Arkady, Mrusi mwenye ndevu nyeupe, aliyehama Leningrad na masanduku yaliyojaa filamu badala ya nguo. Mbele alikodisha kaseti za vichekesho vya kwao na kuuza samaki wakavu. Nyuma alikuwa na chumba cha projekta, na mara moja moja alikodisha ukumbi mjini kuwaonyesha wapenzi wa sinema filamu zake za kutisha. Walizungumza Kiingereza, kila mmoja na chake.

"Nisomee hii," Nilofar alisema, akimpa karatasi.

"Hili ni jina la filamu. Hapa, picha, fulani. Hapa, sauti, fulani."

"Sauti? Filamu bubu ina mtu wa sauti?"

"Nani amekwambia ni bubu?" Arkady alikasirika kweli. "Sauti ndiyo nusu ya filamu! Ah, nimekufahamu. Umeletewa na yule Mwafrika. Alikuja mwezi uliopita, mpole, ana koti la buluu. Akataka nimnakilie, lakini sauti niitoe. Nilimwambia, bwana, hiyo ni dhambi. Akasema ana msiba. Nitambishia vipi mtu mwenye msiba?"

"Hakukwambia kwa nini anataka sauti itoke?"

"Hakusema. Aliitazama yote mpaka mwisho, amesimama, machozi yanamtoka."

Nilofar aliliweka hilo akilini. "Na maiti? Ni maiti kweli?"

"Kweli kabisa. Walimtoa mochwari kwa chupa mbili za vodka, wakamrudisha asubuhi."

"Wewe ulikuwepo?"

"Sikuwepo. Lakini Leningrad nzima inajua."

Neno hilo Nilofar alilizoea. Katika madai ya bima, jambo ambalo mji mzima unalijua huwa hakuna hata mmoja aliyeliona. Akaomba kuonyeshwa filamu yenyewe, pamoja na hiyo nusu yake.

Arkady alizima taa. Projekta ikaanza kunguruma, na safari hii vijana wa makoti ya mabaharia walikimbia wakifuatwa na sauti ya msumeno, mbwa, na birika linalochemka. Maiti alipoletwa, ikaingia sauti ya mwanamume, nzito mno, inavutika kama lami ya mchana. Ilirudia maneno yale yale, ikamalizika, ikaanza upya.

"Hayo ni maombolezo ya Kiafrika," Arkady alinong'ona kwa heshima. "Nimeandika hivyo kwenye karatasi ninazowagawia watazamaji."

"Ya kabila gani?"

"Ya Kiafrika."

Nilofar alisogeza kiti karibu na spika. Alizaliwa Tanga, akakulia Tanga, na Kiswahili alikinyonya kabla ya Kikachi cha mama yake. Ndani ya ule mngurumo kulikuwa na kitu alichokaribia kukifahamu, kikawa kinamponyoka.

"Sauti hii imepunguzwa mwendo," alisema.

"Bila shaka. Wameipunguza na kuizungusha. Ndiyo sanaa."

"Irudishe mwendo wake."

Arkady alinung'unika, lakini fundi ni fundi. Alitoa mashine kubwa ya kurekodia, ile ya magurudumu mawili, akainasa sauti, kisha akaanza kuikaza kidogo kidogo. Lami ikawa uji, uji ukawa maji. Ghafla chumbani mle, katikati ya Bathurst, kijana mmoja akasema kwa Kiswahili, huku amebanwa na kicheko:

"Muramu, usipumue! Moshi inaonekana!"

Nilofar alisimama. "Rudia."

"Muramu, usipumue! Moshi inaonekana!"

"Anasema nini?" Arkady aliuliza. "Ni sala?"

"Anamwambia maiti asivute pumzi. Kuna baridi, akipumua mvuke unatoka mdomoni, na kamera itauona."

Arkady alikaa kwenye kreti la samaki. Alikuwa amewatisha watu wa Toronto kwa maiti yule tangu alipohamia. "Umeniulia filamu yangu, madam," alisema.

"Nimemfufua mtu, Bwana Arkady. Ninakilie hiyo sauti."

Usiku huo hakuwaza sana, alilala vizuri, na Jumamosi asubuhi alikamata barabara ya 401 kuelekea mashariki. Njiani aliipanga hoja yake. Aliyesema maneno yale si mtu wa pwani wala si Mtanzania. "Moshi inaonekana" mbele ya bibi yake Nilofar ingemletea mtu kofi. Ni Kiswahili cha Burundi au cha Kongo. Na huyo msemaji anamwita maiti kwa jina: Muramu. Si Elysée. Kwa hiyo Pascal alipata filamu yenye Mwafrika aliyefunikwa uso, akaona inafaa, akaiondoa sauti ili jina la mwenyewe lisisikike. Elysée huenda alikufa kweli, huenda hakufa, lakini kaseti haithibitishi lolote. Ilikuwa hoja nzuri, na Nilofar aliipenda.

Nyumba ya Spéciose ilikuwa Malvern, moja ya zile zilizoungana kuta. Sebule ilijaa maua ya karatasi. Mchumba wake, Patrick, mrefu, mtaratibu, mfanyakazi wa kiwanda cha magodoro, alikuwa juu ya ngazi akiyajaribu mapambo ukutani. Jikoni isombe, kisamvu cha kwao, ilichemka, harufu yake imefika mpaka mlangoni.

"Karibu, dada. Umekuta fujo," Spéciose alisema. Kisha akamwangalia usoni. "Umepata kitu."

"Nimepata. Lakini nataka na kaka yako awepo."

"Iko njiani."

Pascal aliingia Nilofar akiwa bado anavua buti. Koti la buluu, theluji mabegani, mikono miwili ya kumsalimia mgeni. Alikuwa mtu wa kupendeka. Alimkumbatia dada yake, kisha akainua uso kumwangalia aliye juu ya ngazi.

"Muramu!" alisema kwa furaha. "Usianguke kabla ya harusi!"

"Muramu, karibu," Patrick alijibu.

Nilofar alibaki na buti moja mkononi. Sauti ya Pascal ilikuwa ile ile ya kwenye filamu, imenenepa kidogo tu kwa umri.

"Patrick," alisema polepole, "una jina lingine?"

"Hapana, mama. Patrick tu."

Spéciose alicheka. "Muramu si jina, dada! Ni Kirundi. Ninyi munasema shemeji. Sisi watu wa Buyenzi, mtaa wetu kule Bujumbura, tunasema Kiswahili nyumbani, lakini shemeji ni muramu. Pascal iko namuita hivyo kwa sababu ya mimi."

Mtoto wa Tanga alijisikia mjinga, na haki yake. Alikuwa amemtafuta bwana Muramu barabara nzima ya 401, kumbe angeweza pia kumtafuta bwana Mjomba na bibi Shangazi. Aliiweka buti chini. Hoja yake nzuri ilikuwa imevunjika, na iliyochukua nafasi yake hakuipenda hata kidogo. Alikaa kwenye kiti kilichomkabili Pascal.

"Bwana Pascal, kwenu mmezaliwa wangapi?"

"Wawili. Mimi na huyu dada yangu."

"Binamu je? Msichana yeyote mnayemwita dada, ambaye mumewe alikuwa Leningrad?"

"Hapana." Alitabasamu. "Mbona unaniuliza kama polisi?"

"Na watu wa Buyenzi, kule Leningrad mlikuwa wangapi?"

"Mimi na Elysée. Warundi wengine walikuwa wa sehemu zingine."

"Kwa hiyo katika mji ule mzima," Nilofar alisema, "kulikuwa na mtu mmoja tu ambaye wewe ungemwita muramu."

Tabasamu la Pascal lilibaki mahali pake, lakini macho yake yaliuendea mkoba wa Nilofar, ambamo alikuwa anatoa redio ndogo ya kaseti. Aliiweka mezani, akayasogeza maua ya karatasi.

"Ulisema filamu ni bubu," Nilofar alimkumbusha, akabonyeza.

Kijana alicheka ndani ya redio, akasema maneno yake, akayarudia. Spéciose alikuwa akiisikia sauti hiyo tangu siku aliyozaliwa. Hakuhitaji kuambiwa ni ya nani. Patrick alishuka ngazi, akazima jiko jikoni, akarudi na kusimama nyuma ya kiti cha mchumba wake.

"Zima," Pascal alisema.

Nilofar alizima.

"Ulikuwa mchezo," Pascal alisema. "Warusi wale walitupa supu na sigara. Elysée alikuwa hodari wa kulala kama mufu, lakini pumzi yake ilikuwa inatoka kama birika. Mimi nilikuwa nyuma ya kamera, niko namuambia. Sikujua banarekodi sauti."

"Hakufa," Spéciose alisema.

"Wakati ule, hapana."

"Na sasa?"

Pascal alizitazama buti zake. "Siku ya Noeli alinipigia simu. Iko kule kule. Iko na mwanamke, na watoto."

"Yeye ndiye alikutuma useme amekufa?"

"Hapana. Tusimusingizie. Alisema, muambie dada yako nimebaki, asiningojee. Ndani ya ndege nikafikiri." Alimgeukia dada yake. "Mujane, Spéciose, banamupa pole. Banamuletea unga, banamusaidia. Mwanamuke aliyeachwa banamucheka mpaka sokoni. Nilisema, afadhali wakupe pole. Na ulipopata mtu muzuri, pastari akataka ushahidi, jaji akataka ushahidi, nikaona nimalize nilichoanza. Nilitaka tu uolewe."

Nilofar alikuwa amewasikiliza waongo wengi, na karibu wote walidanganya kwa ajili ya matumbo yao. Huyu alimtia huruma, jambo lililomuudhi.

Spéciose alikunja maua mawili ya karatasi, akayakunjua. "Mimi, sawa," alisema hatimaye. "Mimi ulinifanya mujane, nikapata unga. Na Mabukwe?"

Nilofar hakuuliza neno hilo safari hii. Patrick ndiye aliyeinama kumwambia kwamba ni mamamkwe, mama yake Elysée.

"Nilikaa naye mimi," Spéciose alisema. "Kila mvua ikinyesha alikuwa ananiuliza, kule walikomuzika mutoto wangu, inamunyeshea? Nilikuwa namuambia hapana, Mabukwe, kule iko theluji tu, theluji haipenyi. Wewe ulikuwa unakuja kutusalimia, Pascal. Ulikuwa unakaa hapo hapo, unakunywa chai yake, unamusikia. Alikufa anamuita. Mutu iko hai, iko nakula, na mama yake anakufa anamuita."

Spéciose aliyaweka maua ya karatasi mezani, akamkabili kaka yake.

"Elysée anajua kama mama yake alikufa?"

"Sikumuambia," Pascal alisema. "Angeuliza alikufa na nini."

Nje mtu alikuwa akikwangua barafu kwenye kioo cha gari. Nilofar alijua kazi yake imekwisha: Jumatatu hakutakuwa na kiapo, wala Jumamosi ijayo hakutakuwa na harusi, na wakili angepaswa kuanza upya kwa kumtafutia mwanamke huyu talaka kutoka kwa mtu aliye hai. Aliwaambia hivyo, kwa maneno machache kadiri alivyoweza.

"Nitangoja," Patrick alisema. "Ukumbi tutaukodi siku nyingine."

Spéciose alimshika mkono bila kumgeukia. Bado alimtazama kaka yake. "Namba yake unayo?"

"Kichwani."

"Piga."

"Spéciose, kwanza tulia. Tutampigia kesho, nitazungumza naye mimi kwanza."

"Wewe umezungumza vya kutosha. Piga."

Pascal aliuvuta mkono wa simu kutoka ukutani. Alibonyeza namba ndefu. Kule ilikuwa jioni. Wote wanne waliisikia ikilia mbali, kisha mtoto akapokea kwa Kirusi, Pascal akasema neno moja, mtoto akapiga kelele kumwita baba yake. Pascal alimpa dada yake simu, akarudi nyuma mpaka akagusa ngazi.

Nilofar alitaka kutoka, lakini mlango ulikuwa upande wa pili wa Spéciose, naye hakuthubutu kumpita.

Mwanamume akasema, "Allo?"

"Elysée," Spéciose alisema. "Ni mimi, Spéciose."

Upande wa pili maneno mengi yakaanza kumiminika kwa mpigo, na Spéciose akayakata kwa upole, kama anavyosema mtu aliyefundishwa jinsi ya kupeleka habari za namna hii.

"Hapana. Hayo utasema baadaye. Kaa chini kwanza. Umekaa?" Aliivuta pumzi. "Mama yako alikufa. Mimi nilimuzika."